Ulimi wa Shemeji na Namba ya Usabunishaji

Watu wa siku hizi wakipata neno jipya hulivaa kama kofia ya kuazima: haijawakaa sawasawa, lakini hawaivui hata mezani. Kiwandani kwetu neno hilo lilikuwa "namba ya usabunishaji". Meneja aliagiza lichorwe ukutani kwa herufi nyekundu, na chini yake maneno mengine: TUIPANDISHE KWA PAMOJA. Haukupita muda mrefu, mlinzi wa getini akawa anamwambia kila aliyechelewa, "Leo naona namba yako ya usabunishaji iko chini, bwana." Dereva wa lori alikataa kuongezewa maboksi kwa hoja hiyohiyo. Hata tulipomzika fundi wa boila, Meneja alisimama kando ya kaburi akasema marehemu alikuwa mtu mwenye namba ya juu sana. Mjane alimshukuru.

Sasa, namba hiyo haipandi wala haishuki kwa mikutano. Ni tabia ya mafuta yenyewe, kama urefu wa mtu mzima. Unaweza kumpima, huwezi kumhimiza arefuke. Lakini nani angemwambia Meneja? Enzi zetu mtu alinyamaza mpaka ajue, kisha akajua akaendelea kunyamaza. Siku hizi mdomo hutangulia, na akili hufuata ikipata nafasi.

Mtu ninayetaka kumsimulia hapa alimuoa dada yangu mdogo. Alikuwa mpishi wa sabuni, na kiwanda kizima kilimwita Ulimi. Jina lilimganda hivi kwamba hata shuleni wanawe waliitwa watoto wa Ulimi, nao wakajibu bila kununa.

Kupika sabuni si jambo la ajabu. Unayeyusha mafuta kwenye sufuria la chuma refu kuliko mtu, unamimina kostiki, yaani magadi makali yanayounguza, iliyokorogwa na maji, unachemsha, unakoroga, mpaka mafuta yaache kuwa mafuta. Kostiki ikipungua, sabuni inabaki laini, inanata, na ikikaa sana kabatini inavunda. Ikizidi, inakula mikono ya mwenye kufua. Katikati yake pana njia nyembamba, na kwa miaka yote ya mzee mwenye kiwanda, kabla Meneja hajaja, njia hiyo ilijulikana kwa namna moja tu. Ulimi alipanda ngazi, akazamisha mwiko, akaacha tone lipoe juu ya ukucha wa dole gumba. Alilibonyeza. Kisha alitoa ulimi, taratibu, akaligusa kwa ncha. Sabuni yenye kostiki iliyozidi inachoma kama umelamba betri. Isipochoma, na ikiwa haina ute wa mafuta, imeiva.

Watu waliacha kazi kumtazama. Alifumba macho. Alitafuna hewa kidogo. Kisha akanyanyua mwiko juu na kupaza sauti, "Imekubali!" Na vijana kwa wazee wakaitikia, "Imekubali!" na bomba likafunguliwa. Ilikuwa kazi yenye heshima yake, si kama leo mtu anabonyeza kitufe huku anatafuna karanga.

Ulimi wenyewe, huo wa mdomoni, ulikuwa umekufa zamani.

Hilo tulilijua kwa sababu ya chai. Nilikuwa nimekwenda kuwasalimu Jumapili moja mchana. Dada yangu alikuwa na makopo mawili yanayofanana, la sukari na la chumvi, na siku hiyo alikosea. Nikanywa funda moja, nikakimbilia mlangoni kutema. Niliporudi, shemeji alikuwa amemaliza kikombe chake na anakisukuma mbele.

"Leo umeipatia, mama. Niongeze."

Dada yangu alionja chai kwenye birika kwa kijiko. Hakutema. Alimeza, akamkazia macho mumewe.

"Tangu lini?"

"Tangu lini nini?"

"Usinifanye mtoto. Ulimi wako tangu lini?"

Shemeji alitazama dari. "Yule kitinda mimba wetu alikuwa hajaota meno."

Kitinda mimba wao wakati huo alikuwa ameanza kunyoa ndevu.

"Miaka yote hiyo! Na sabuni unaionjaje?" nikamuuliza.

"Naangalia."

"Unaangalia nini?"

"Mwiko. Namna inavyodondoka. Na watu. Nikiona wameshaamini, nasema imekubali."

Hapo nikaelewa kwa nini mwaka fulani wateja walirudisha maboksi wakionyesha mikono iliyobabuka, na mzee mwenye kiwanda akalaumu maji ya mji.

Dada yangu hakupiga kelele. Yeye ni mtu wa kukasirika kwa mikono. Alichukua sufuria lililokuwa safi akaliosha tena. Kisha akasema, "Kuanzia kesho kila mkupuo uniletee dirishani. Wewe ukitaka kuwaigizia watu, igiza. Lakini watu hawataungua tena wakati nipo."

Yeye alifanya kazi kwenye chumba cha kukatia, akivuta ule waya unaogawa bonge la sabuni kuwa miche. Kati ya chumba hicho na masufuria palikuwa na dirisha dogo lisilo na kioo. Basi ikawa hivi. Ulimi anazamisha mwiko, anachukua kipande, anatangaza kwamba anakwenda kukiangalia rangi kwenye mwanga. Anafika dirishani. Dada yangu anakipokea, anajifuta jasho juu ya mdomo, na katika kujifuta huko ncha ya ulimi imeshagusa. Ikiwa sabuni imekubali, anakitia kipande mfukoni mwa aproni. Ikiwa inachoma, anakitupa chini. Ikiwa ina mafuta, anakirudisha mkononi mwa mumewe. Shemeji anarudi kwenye ngazi, anafanya maonyesho yake, anatoa hukumu. Vile vya mfukoni vilikwenda nyumbani, na nguo za nyumba ile zote zilifuliwa kwa vipande vya hukumu.

Nasema kwa hakika, hakuna sabuni iliyopata kupikwa vizuri kuliko ya miaka ile. Na nasema jingine. Walikuwa wamefikia umri ambao mume na mke nyumbani huzungumza habari za paa linalovuja na nani kaacha mlango wazi. Lakini pale dirishani shemeji alichana nywele kabla ya kufika. Wanawake wa chumba cha kukatia walikuwa wakimtania dada yangu. "Huyo mumeo, rangi gani hiyo anaileta mara zote hizo? Sabuni nyeupe, jana nyeupe, kesho nyeupe!"

"Ana macho mabovu," alijibu. "Ndiyo maana alinioa."

Yule mzee mwenye kiwanda akafa. Wanawe, ambao hawakuwahi kunusa kiwanda isipokuwa kwenye gari lenye vioo vilivyofungwa, walimleta Meneja. Meneja akamleta Mkemia.

Mkemia alikuwa binti mpole, mwenye sauti ndogo na viatu vilivyofungwa vizuri. Nilijiandaa kumchukia, na hakunisaidia hata kidogo. Siku ya kwanza alitukusanya akatueleza lile neno, kabla Meneja hajaliharibu. Alisema mafuta yote yameundwa na minyororo midogo tusiyoiona, minyororo ya asidi, na kila mnyororo unataka tonge lake la kostiki ndipo ugeuke sabuni. Tukamwangalia tu. Akaona hatujashiba, akauliza, "Kilo ya dagaa na kilo ya samaki wakubwa, ipi ina vichwa vingi?"

"Dagaa!" tukasema.

"Na kama kila kichwa kinataka tonge moja?"

"Dagaa watamaliza chakula."

"Basi mafuta ya nazi ndiyo dagaa. Minyororo yake ni mifupi, kwa hiyo kwenye uzito uleule imo mingi, na inadai kostiki nyingi. Mafuta ya ng'ombe ni samaki wakubwa, yanadai kidogo. Namba ya usabunishaji ni hesabu ya matonge hayo: gramu moja ya mafuta haya inakula kiasi gani mpaka yaishe yote kugeuka. Kila pipa likija, nalipima. Tukiijua namba, tunajua cha kumimina kabla hatujawasha moto."

Nimesoma vitabu vingi peke yangu, bila mwalimu wa kunishika mkono, na sijakuta maelezo mazuri zaidi ya hayo. Waliomsikiliza walikuwa wawili. Mmoja mimi. Wa pili alikuwa Ulimi, aliyekuwa amesimama nyuma karibu na boila, amefungua mdomo kama anayetazama mvua baada ya ukame.

Wengine wote walimsikiliza Mwenyekiti. Huyu alikuwa kiongozi wa wafanyakazi, mtu wa mashine ya kugonga chapa, na kazi ya kugonga ilikuwa imemwingia mpaka kwenye maneno. "Ndugu zangu!" akagonga. "Wametuletea namba ili watuondolee Ulimi! Leo ulimi, kesho mikono! Tunataka Ulimi wetu!"

"Ulimi wetu!" wakaitikia.

Shemeji alijaribu kusema neno. Wakambeba juu juu.

Kisha ukaja ukuta. Meneja alikuwa na mpango wa kisasa, na mpango wa kisasa huanza kwa kuziba kitu. Chumba cha kukatia kikatenganishwa na masufuria, eti mvuke usipite, na dirisha lile likajazwa matofali kwa mchana mmoja. Herufi nyekundu zilichorwa papo hapo, juu ya matofali mapya.

Nilimkuta shemeji saa ya chakula amekaa kwenye pipa tupu ghalani kwangu, maana mimi nilikuwa mtunza ghala.

"Sasa unafanyaje?" nikamuuliza.

"Naenda kwa yule binti."

"Kwa Mkemia?"

"Usiseme kwa sauti, shemeji. Watu watanipiga."

Na kweli alikuwa akienda. Wenzake wakila, yeye alipita nyuma ya choo, akaingia maabara, akajifunza hesabu ya matonge. Nje, kiwanda kilikuwa kinapigana kwa jina lake dhidi ya namba. Ndani, mwenye jina alikuwa akiipenda namba hiyo kama ambavyo hakuwahi kupenda kitu kazini maisha yake yote, maana ilikuwa imemtua mzigo. Aliniambia, "Binti aliniomba niache kuonja. Ati kostiki itanila mdomo. Nikamwambia, mwanangu, hapa hakuna kilichobaki cha kuliwa. Akacheka, akadhani ni utani."

Ingeweza kuishia hapo. Lakini Mwenyekiti aligonga mlango wa Meneja, na Meneja, mtu wa michezo, akapendezwa. Wakakubaliana shindano. Masufuria mawili yatapikwa, na moja Meneja mwenyewe ataliongezea kostiki kwa siri. Ulimi aseme ni lipi. Mkemia naye aseme kwa namba. Ulimi akishinda, namba itafutwa ukutani na Mkemia atafunga mizigo. Akishindwa, atakwenda nyumbani kupumzika, na sufuria atapewa mwingine.

Mkemia alipinga. "Namba haitambui kosa lililokwisha kufanyika. Inazuia lisifanyike. Ni kama kushindanisha kipimo cha fundi nguo na macho ya mnunuzi."

"Safi kabisa," alisema Meneja. "Tutaona nani ana namba kubwa."

Jioni ya kuamkia siku hiyo nilikuwa kwao. Dada yangu alikuwa anakunja nguo, nazo zilinukia sabuni.

"Waambie," alisema.

"Niwaambie nini?"

"Kwamba ulimi umekufa. Kwamba unajua hesabu sasa. Yule binti wa watu atafukuzwa bure, na wewe utabaki na sufuria usiloweza kulionja."

"Na nisipolijua lile baya?"

"Utafukuzwa wewe."

"Kwa hiyo vyovyote vile kuna mtu anafukuzwa."

"Ndiyo nakwambia waambie!"

Shemeji alichukua shati moja lililokunjwa, akalikunjua, akalikunja tena vibaya. "Watu wazima wanaitikia nikisema imekubali. Unajua hilo ni jambo gani? Nikiwaambia nilikuwa naigiza, wataitikia nini? Na ile mikono iliyobabuka, nani ataisahau?"

Dada yangu alimnyang'anya shati. "Basi kesho vaa hili," alisema. "Angalau ufukuzwe ukiwa umenyooka."

Siku ya shindano kiwanda kilisimama. Meneja aliogopa udanganyifu, kwa sababu wadanganyifu huogopa sana jambo hilo. Akaamuru sabuni ya kila sufuria imiminwe kwenye kisanduku chake, igande kiasi, kisha ikatwe mbele ya watu wote na mkono usio na upande, ndipo Ulimi apewe kipande. Na mkono usio na upande utoke wapi? Kwenye chumba cha kukatia. Nani hodari wa waya huko? Wanawake wote wakamsukuma dada yangu mbele. "Huyu! Huyu akikata, hata nywele inapasuka mara mbili."

Meneja akauliza kama ana uhusiano na mmoja wa washindani.

"Ni mke wake," alisema Mwenyekiti, kwa fahari.

"Vizuri," alisema Meneja. "Mke ndiye shahidi mkali kuliko wote."

Ndivyo Meneja, kwa ulinzi wake wote, alivyolijenga upya dirisha aliloliziba.

Dada yangu alivuta waya kwenye kisanduku cha kwanza. Akafuta waya kwa kidole. Joto lilikuwa kali karibu na masufuria, na hakuna aliyeona ajabu mwanamke kujifuta jasho juu ya mdomo. Kipande kimoja akampa mumewe. Kijipande kilichosalia kwenye waya akakitia mfukoni mwa aproni.

Shemeji alikiweka kipande chake kwenye ukucha. Akafumba macho, akatoa ulimi, akagusa. Akasubiri cha pili.

Kisanduku cha pili. Waya, kidole, jasho. Safari hii niliona shavu la dada yangu likiruka kidogo, kama mtu aliyeng'atwa na siafu mbele ya wageni. Akampa kipande mumewe. Kilichosalia akakiangusha sakafuni.

Mkemia alikuwa amesimama karibu naye. Alitazama kile kijipande chini, akamtazama dada yangu mdomoni. Kisha akasogea hatua moja, akakikanyaga kwa kiatu chake kilichofungwa vizuri, akabaki amesimama hapo.

Shemeji alitafuna hewa. Alifanya uso wa uchungu ambao nakiri ulikuwa bora kuliko uchungu wenyewe. Akatema mate pembeni.

"La pili linachoma!"

Watu wakamgeukia Meneja. Meneja akamwashiria Mkemia. Mkemia, bila kuondoka pale, aliletewa vipande vyote viwili, akavidondoshea dawa yake ya matone, ile inayogeuka rangi ikikuta kostiki iliyozidi. Cha kwanza kilibaki cheupe. Cha pili kikageuka rangi ya waridi, waridi kweli kweli, kama kucha za bibi harusi.

"La pili," alisema Mkemia kwa sauti yake ndogo.

Kelele iliyofuata sijaisikia tena mahali popote. Upande wa Mwenyekiti ulishangilia kwamba ulimi umeshinda. Watu wa ofisini walishangilia kwamba namba imeshinda, ingawa namba haikuwa imetumika hata kidogo mchana ule. Ilikuwa dawa ya matone. Meneja alimshika shemeji mkono akautikisa kama mpini wa pampu.

"Mzee, mmetoka sare! Sema unataka nini. Tufute ukuta?"

"Futa!" akagonga Mwenyekiti. "Mwambie afute!"

Shemeji alitazama umati. Alimtazama Mkemia, ambaye kiatu chake kilikuwa bado hakijasogea. Alimtazama dada yangu.

"Namba ibaki," alisema. "Kila pipa lipimwe kabla ya moto. Binti huyu awe anatupa hesabu, mimi nipike. Ulimi wangu umechoka."

"Umetuuza!" alisema Mwenyekiti. "Tumekubeba mabegani!"

"Ndiyo. Na mlinibana mbavu."

Baadhi walicheka, na aliyechekwa hawezi kuendelea kugonga. Meneja akauliza tena kama hakuna anachokitaka kwa ajili yake mwenyewe. Shemeji alielekeza mwiko ukutani, kwenye zile herufi nyekundu.

"Nataka dirisha langu."

"Dirisha?"

"Kulikuwa na dirisha hapo. La kuangalia rangi."

Likafunguliwa wiki ileile. Ili kulipasua ilibidi wavunje katikati ya neno lenyewe, na hakuna aliyepata muda wa kuchora upya, kwa hiyo tangu hapo ukuta wetu ulihimiza watu wapandishe kitu ambacho hakisomeki. Namba iliendelea kusemwa na kila mtu isipokuwa wawili walioijua. Mkemia aliitumia kimyakimya, na Ulimi akaipikia. Mwenyekiti hakumsamehe mpaka anastaafu. Ile "Imekubali!" nayo ilififia, maana watu hawaitikii hesabu. Siku moja shemeji aliisema, akaitikiwa na mimi peke yangu, kutoka ghalani, na sauti yangu ikanitia aibu.

Wageni wakija, Meneja aliwatembeza akawaonyesha tundu lile ukutani. "Hapa," alisema, "tumeweka njia ya hewa ili kuongeza namba ya usabunishaji." Wageni wakatikisa vichwa kukubali, wengine wakaandika.

Nyuma yake, bila kujali msafara, shemeji alikuwa amefika dirishani na nywele zake zimechanwa, amebeba kipande cha sabuni ambacho hakikuwa na swali lolote ndani yake. Kila kitu kilikuwa kimepimwa asubuhi. Dada yangu alikipokea, akajifuta jasho, akakigusa kwa ulimi ingawa hakuna aliyemwomba, na akakitia mfukoni.